Mohamed Amin na kamera isiyopamba

Watu wa ule uliokuwa Mkoa wa Kaskazini Mashariki wanaijua kamera tangu zamani, ingawa ni wachache waliowahi kuishika. Mvua zikikosa misimu miwili mfululizo, magari huvuka daraja la Mto Tana na kuingia Garissa, yakashika njia ya Modogashe au ile ya Dadaab, yakasimama penye mzoga wa ng'ombe, yakasimama tena penye foleni ya mitungi kisimani, na kabla ya jua kuchwa yakawa yamekwisha kugeuza. Siku ya pili picha huonekana Nairobi na ng'ambo: mzoga, mtungi, mtoto mwenye nzi machoni. Jina la mtoto halitajwi. Mwenye ng'ombe haulizwi alikuwa na kundi kubwa kiasi gani mwaka uliotangulia, wala kwa nini lambo liliachwa likajaa mchanga. Tunabaki tukijulikana kwa ukame wetu tu, mithili ya mtu anayetambuliwa kwa kovu lake.

Yamkini mwanafunzi wa leo hudhani kwamba njaa imekuwa ikionyeshwa hivyo tangu kale, na kwamba picha za aina hiyo hujileta zenyewe kama kiangazi chenyewe. La hasha. Namna hii ya kuitazama dhiki, bila taa za kupachikwa, bila kuwapanga watu, kamera ikipita taratibu kati ya waliokaa chini, ina mtu aliyeifikisha mbali kuliko wengine wote, naye alikuwa mwananchi mwenzetu, mzaliwa wa Eastleigh, Nairobi. Jina lake Mohamed Amin, na waliofanya kazi naye walimwita Mo. Magari yanayovuka daraja letu yanamwiga yeye, japo aghalabu yameiga ngozi ya kazi yake na kuiacha nyama. Kwa hiyo inafaa maisha ya mtu huyu yafahamike madarasani, pamoja na yale ambayo kamera yake haikuweza kuyafikia.

Amin alizaliwa tarehe 29 Agosti 1943. Baba yake, mtu wa asili ya Punjab, alikuwa mfanyakazi wa reli asiye na mali, na ajira hiyo ndiyo iliyoihamishia familia Dar es Salaam, mji ambao kijana alikulia na kusomea. Akiwa bado mwanafunzi alijipatia kamera kuukuu ya aina ya Box Brownie. Walimu wa sanaa wataijua kamera hiyo: ni kijisanduku chenye tundu, hakina karibu chochote cha kurekebisha. Anayetaka picha nzuri kwa chombo cha namna hiyo ana njia mbili tu, ama asogee, ama angoje jua. Sitashangaa mtu akiniambia kwamba mtindo wote wa Amin wa baadaye ulikwisha kuwamo ndani ya sanduku lile. Alikuwa hajamaliza shule alipoanza kupiga picha za mbio za magari za East African Safari, na mnamo 1963, akiwa na umri wa miaka 20 au chini yake kidogo, alianzisha kampuni aliyoiita Camerapix.

Januari iliyofuata, tarehe 12, mapinduzi yalitokea Zanzibar. Kijana akavuka bahari na kupiga picha za siku zile, na kwa mara ya kwanza kazi yake ikasambaa nje ya Afrika Mashariki. Laiti hadithi ingekomea hapo, ingekuwa hadithi ya kijana mwenye bahati. Lakini alirudi visiwani, akapiga picha za mambo ambayo wakubwa wa huko hawakutaka yaonekane, na mwaka 1966 alikamatwa na kufungwa gerezani Unguja kwa karibu mwezi mmoja. Alipofunguliwa aliondoshwa na kuletwa Kenya, na tangu hapo Nairobi ikawa kituo chake. Alitoka na somo ambalo halifundishwi katika vyuo vya filamu: kwamba kabla ya kuuliza mwanga unatoka wapi, mpigapicha huuliza mlango unafunguliwa na nani.

Hapa ni lazima nieleze kidogo jinsi kazi yenyewe ilivyofanyika, kwa sababu mtindo wa mtu mara nyingi hutokana na vifaa vyake na mwajiri wake kuliko na falsafa. Kamera ya filamu waliyoitumia wapigapicha wa habari miaka ile, mathalani Bolex, ilikazwa kwa mkono kama saa ya mezani. Ukiikaza mara moja hukupa nusu dakika tu ya kupiga. Msokoto mmoja wa filamu, futi 100, haukutimiza dakika tatu. Mtu mwenye dakika tatu mkononi, aliye mbali na duka la filamu, hawezi kupiga ovyo. Anatazama kwanza, tena anatazama sana, kisha anabonyeza.

La pili ni mwajiri. Amin aliuza picha zake hasa kwa Visnews, shirika la London lililosambaza habari za picha kwa vituo vya televisheni vya nchi nyingi. Filamu ilipakiwa ndegeni pamoja na karatasi ya maelezo: mahali, tarehe, ni nani anayeonekana. Huko iendako, kituo cha Tokyo kitaweka maneno yake, cha Cairo maneno yake, na cha Stockholm maneno yake. Kwa hiyo picha haikuweza kumtegemea msimulizi. Ilibidi ijieleze kwa mtu asiyejua hata nchi yenyewe ilipo: kwanza mahali paonekane pote, halafu mtu mmoja, halafu uso, halafu mkono unaofanya jambo, halafu kile anachokitazama. Wasomi wanaweza kuuita mtindo huo uhalisia. Mimi nauona pia kuwa ni adabu ya fundi anayejua kwamba kazi yake itakwenda kwa wageni bila ya yeye kuwapo kuitetea.

Mtindo huo ulijaribiwa vikali jijini Nairobi, Jumamosi ya tarehe 5 Julai 1969. Tom Mboya alipigwa risasi alipokuwa akitoka katika duka la dawa katika barabara iliyoitwa Government Road, ambayo sasa ni Moi Avenue. Amin alifika mara, na picha zake zinamwonyesha waziri huyo ndani ya ambulensi, watu wakihangaika kuirudisha pumzi yake. Hazikupangwa wala hazina ustadi wa kuonekana. Fremu zimebanwa, mikono inakatiza mbele ya kamera, mwanga ni ule uliopenya dirishani. Mtazamaji anajihisi amesongwa kati ya watu wale, hana pa kusimama. Kazi hiyo ilimpatia tuzo Uingereza. Vilevile ilizua swali ambalo halikumwacha hadi kufa kwake: je, mtu ana haki gani ya kuendelea kupiga picha wakati mwenzake anakata roho? Jibu lake lilikuwa la matendo. Aliendelea kupiga. Msomaji anaweza kulikubali au kulikataa, lakini akumbuke kwamba katika nchi ambamo vifo vya wakubwa hufuatwa na uvumi mwingi, picha zile zilibaki kuwa ushahidi usiobadilika kila usimulizi unapobadilika.

Miaka iliyofuata nitaipita upesi, kwani imesimuliwa na wengi. Aliifuatilia Uganda ya Idi Amin, pamoja na kufukuzwa kwa Waasia mwaka 1972, tukio lililomgusa mtu wa asili yake kuliko mwandishi wa kawaida. Mwaka 1980, akiwa na Brian Barron wa BBC, alimfikia dikteta huyo uhamishoni Saudi Arabia na kumrekodi. Alipiga picha za Hija na kuzichapisha katika kitabu mwaka 1978. Alizunguka nchi kavu ya Ziwa Turkana, na kitabu kilichotokana na safari hizo kikatoka mwaka 1981. Alikuwa pia mfanyabiashara hodari, na ofisi yake ilitoa vitabu vya kupendeza vya kuwavutia watalii, vyenye machweo na twiga. Nalitaja hili ili asije mtu akamgeuza walii. Mkono uleule uliopiga ambulensi ya Mboya ulijua kuuza machweo.

Hata hivyo, anayetaka kujua tofauti aliyoileta, na alinganishe na waliomtangulia kaskazini mwa Kenya. Katika miaka ya 1920, Mmarekani Martin Johnson na mkewe Osa walipiga kambi penye ziwa dogo la kreta mlimani Marsabit, katika iliyokuwa Wilaya ya Mpakani Kaskazini ya wakoloni, wakiwa na kamera na shehena kubwa ya vyakula. Filamu yao iitwayo Simba, ya mwaka 1928, ilijaza majumba ya sinema Marekani, na ndani yake wanyama halisi walichanganywa na matukio yaliyopangwa ili mtazamaji ashtuke na acheke. Wenyeji waliomo ni mapambo ya safari ya wageni. Hata miaka 60 baadaye, filamu ya Out of Africa ilipopigwa Kenya, mpigapicha wake David Watkin alipewa tuzo ya Oscar kwa jinsi alivyoionyesha nchi hii. Ni kazi ya fundi mkubwa, sina ubishi, ila nchi inayoonekana pale ni nchi ya kukumbukwa na mtu aliyekwisha kuondoka. Kamera ya Amin ilikuwa ya mtu anayeishi hapa na ambaye kesho atakutana tena na aliowapiga.

Sasa tuufikie mwaka 1984. Wazee wa Garissa wanaukumbuka vyema. Mvua za masika zilikosa kote Kenya, mifugo ikafa, na serikali ikalazimika kuagiza mahindi ya njano kutoka ng'ambo, mahindi ambayo watu waliyala huku wakiyalalamikia. Kaskazini yetu, katika nyanda za juu za Ethiopia, mambo yalikuwa mabaya zaidi ya kulinganishwa. Mikoa ya Wollo na Tigray ilikuwa na njaa na vita kwa pamoja. Serikali ya Mengistu Haile Mariam, iliyokuwa ikijiandaa kusherehekea mwaka wa kumi wa mapinduzi yake mwezi Septemba, haikutaka wageni waingie na kuona.

Ndipo miaka 20 ya Amin ya kubisha milango ilipofaa. Alikuwa na watu aliowajua Addis Ababa, akajua ni nani wa kuombwa na ni nani wa kungojwa, na mwezi wa Oktoba kibali kikapatikana kwa ajili yake na Michael Buerk wa BBC. Wengi humsifu Buerk kwa maneno yake, na kweli yalikuwa maneno ya mtu mwenye kipaji. Lakini bila Mkenya yule aliyeshika kamera na aliyekuwa amehangaikia ruhusa, pasingekuwa na cha kusemea.

Walifika Korem alfajiri. Korem ni mji mdogo wa mlimani, kando ya barabara iendayo Mekele, na usiku wake ni wa baridi kali. Maelfu ya watu walikuwa wamelala uwandani, wengi wakiwa na shuka moja tu. Mtu wa filamu za kuigiza angeomba jua lipande ili apate mwanga wa kutosha. Amin alipiga mwanga uleule wa mapambazuko, pamoja na ukungu na moshi wa vijinga, na watu wakatokea katika picha kama wanavyomtokea mtu anayekaribia kwa miguu: kwanza weusi wa umati, halafu mabega, halafu nyuso. Kamera haikurukaruka. Ilipita polepole kwenye safu za waliokaa, ikamkuta mtu, ikamngoja. Iliwaonyesha waliokufa usiku ule wakiwa wamefungwa katika sanda za magunia na matambara, mama mmoja akiwa amefungwa pamoja na kichanga chake. Mtazamaji aliyezoea kugeuzwa macho kabla hajachoka hakupewa nafasi ya kukimbia.

Nawaomba wanafunzi walitazame jambo moja katika mkanda ule, kwa maana ndilo wanaoiga hulikosa. Kamera imeshuka. Walio chini hawatazamwi kutoka juu kama mtu anavyolitazama shimo, bali karibu usawa wa macho yao, nao wanaitazama kamera. Wanamtazama mtu anayewatazama. Heshima kwa mtu aliyedhoofika haiko katika kumficha asionekane, wala katika kuongeza kinanda cha huzuni chini ya picha yake. Iko katika kumpa muda. Wale wa gari linalosimama penye mzoga kwa dakika kumi hawana muda wa kumpa mtu yeyote.

Mkanda wa kwanza ulionyeshwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984, kwa dakika saba hivi, muda mrefu mno kwa taarifa ya habari. Siku iyo hiyo ukaonyeshwa Marekani. Hatimaye vituo 425 viliutumia, na ilikadiriwa kwamba watu milioni 470 waliuona. Kabla ya mwaka kwisha wanamuziki wa Uingereza wakiongozwa na Bob Geldof walikuwa wametoa wimbo wa kuchangisha fedha, wenzao wa Marekani wakafuata mwaka 1985, na tarehe 13 Julai mwaka huo tamasha la Live Aid likafanyika London na Philadelphia kwa wakati mmoja. Ndege za chakula zilitua mahali ambapo dunia ilikuwa haijui hata kupataja. Watu wengi walikufa, lakini wapo wengi walio hai leo, wenye watoto na wajukuu, kwa sababu ya mwanga ule wa alfajiri.

Na bado. Picha halisi huonyesha kilicho mbele yake, haionyeshi kilicho nyuma yake. Mtazamaji wa London aliona ardhi kavu na watu waliokonda, akahitimisha kwamba mvua ndiyo iliyokuwa na hatia. Hakuyaona majeshi yaliyokuwa yakipigana Tigray na Eritrea, wala masoko yaliyofungwa kwa vita, wala njia ambazo nafaka haikuruhusiwa kupita. Kibali kilichomwingiza Amin Korem kilitoka kwa serikali iliyokuwa mhusika katika vita vile. Hilo si kosa lake. Ni mpaka wa ufundi wenyewe, nao haufutwi kwa ustadi wa jicho. Kwa upande wa vita palihitajika mlango mwingine na mfunguaji mwingine.

Mpaka huo sisi wa huku hatuhitaji kwenda Ethiopia ili kuujua. Miezi minane kabla ya Korem, tarehe 10 Februari 1984, vikosi vya usalama vya Kenya viliwakusanya wanaume wa Kidegodia wa Wajir na kuwapeleka katika uwanja wa ndege wa Wagalla. Waliwekwa pale kwa siku kadhaa, wamevuliwa nguo, juani, bila maji wala chakula, na wengi waliuawa. Serikali ilitaja waliokufa kuwa 57. Mbunge wa Wajir Magharibi, Ahmed Khalif, alilipeleka jambo hilo Bungeni na hakukoma kulisemea. Annalena Tonelli, Mtaliano aliyekuwa akiwatibu wagonjwa wa kifua kikuu mjini Wajir, aliwahudumia majeruhi, na mwaka uliofuata ilimbidi aondoke nchini. Ilichukua hadi mwaka 2013 kwa Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano kuandika katika ripoti yake kwamba huenda waliokufa walikaribia 1,000.

Kutoka Nairobi hadi Wajir si mbali kuliko kutoka Nairobi hadi Korem. Mpigapicha aliyekuwa bora barani alikuwa akiishi Nairobi. Lakini mkoa wetu ulikuwa chini ya kanuni za hali ya hatari zilizoanza Desemba 1963 na ambazo hazikuondolewa hadi mwaka 1991, na mtu hakuingia na kutoka kama apendavyo, sembuse mtu mwenye kamera. Hakuna alfajiri ya Wagalla iliyowahi kuonyeshwa kwenye televisheni. Hakuna mwimbaji aliyeitungia wimbo. Kwa miaka 29 wajane wa Wajir walikuwa na maneno yao tu mbele ya tarakimu ya serikali, na maneno ya mjane, hapa petu, ni mepesi mizanini.

Simlaumu Amin kwa hilo, na yeyote atakayemlaumu hajui mkoa huu ulivyokuwa. Naliweka hapa kwa sababu somo la picha shuleni likifundishwa kwa haki, haliwezi kuishia kwenye fremu na mwanga. Mwalimu akiibandika ukutani picha ya Korem, abandike kando yake karatasi tupu, aandike chini yake Wagalla, tarehe 10 Februari 1984, kisha awaache wanafunzi wajadiliane kwa nini moja ina watu na nyingine haina kitu.

Turudi kwa Amin. Umaarufu haukumweka nyumbani. Mtoto wake, Salim, ametengeneza filamu juu yake iliyotoka mwaka 2006, na ndani yake anaonekana baba aliyekuwa mgeni kwa jamaa zake, kila mara yuko njiani. Mwezi wa Mei 1991 utawala wa Mengistu ulipoanguka, alikuwa Addis Ababa. Siku chache baadaye, mapema mwezi wa Juni, ghala la silaha mjini humo liliwaka moto, naye akaenda kulipiga picha pamoja na wenzake. Mlipuko mmoja mkubwa ulimwua John Mathai, Mkenya aliyekuwa fundi wake wa sauti, na kumkata Amin mkono wa kushoto. Watu walidhani kazi yake imekwisha. Alitiwa mkono wa bandia uendao kwa umeme, akajifunza upya kuishika kamera, akarudi barabarani.

Jina la Mathai halitajwi mara nyingi, na hili ni deni. Picha za televisheni si kazi ya mtu mmoja. Kuna anayebeba kipaza sauti na mkoba wa betri, ambaye hutembea kwa kufuata waya mgongoni mwa mwenzake, aghalabu bila kuona hatari inakotokea. Miaka miwili baadaye, tarehe 12 Julai 1993, Wakenya wengine wawili, mpigapicha Hos Maina na fundi wa sauti Anthony Macharia, waliuawa na umati uliojaa hasira mjini Mogadishu, pamoja na Dan Eldon na Hansi Krauss. Walikuwa wamekwenda kuonyesha maafa ya shambulizi la helikopta za majeshi ya kimataifa, na waliowaua walikuwa wamefiwa na ndugu zao saa chache tu kabla. Vita hivyohivyo vya Somalia ndivyo vilivyokwisha kuwavusha maelfu ya watu kupitia Liboi, na kuzaa kambi za Ifo, Dagahaley na Hagadera kuanzia mwaka 1991. Kambi hizo ziliiletea wilaya yetu kamera nyingi kuliko ilivyowahi kuziona, na nyingi kati ya hizo zilikuja na mtindo wa Korem, bila ya subira yake.

Tarehe 23 Novemba 1996 Amin alipanda ndege ya Shirika la Ndege la Ethiopia kutoka Addis Ababa kurudi Nairobi, akiwa na Brian Tetley, mwandishi aliyeshirikiana naye katika vitabu vingi. Camerapix ndiyo iliyokuwa ikichapisha jarida la abiria la shirika hilo, kwa hiyo safari hiyo ilikuwa ya kawaida kwake kama ya mtu aendaye dukani. Vijana watatu waliiteka ndege na kumwamuru rubani, Leul Abate, awapeleke Australia. Rubani aliwaeleza kwamba mafuta hayatoshi. Hawakumwamini. Baada ya saa kadhaa mafuta yakaisha juu ya Bahari ya Hindi, na Boeing 767 ile ikashuka bila injini kuelekea Ngazija, kisiwa kikubwa cha Komoro. Waliookoka wamesimulia kwamba Amin hakuketi. Alikuwa amesimama akibishana na watekaji nyara. Kati ya watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa, naye na Tetley wakiwa miongoni mwao. Alikuwa na umri wa miaka 53.

Ndege iliangukia mita mia kadhaa tu kutoka ufuoni, mbele ya hoteli ya Galawa. Mtalii mmoja pwani alikuwa na kamera ndogo ya video mkononi. Aliielekeza baharini, na ikanasa ndege ikija chini chini, bawa la kushoto likiyagusa maji, mwili wake ukipasuka. Mkanda ule una sekunde chache tu, mkono wa mshikaji unatikisika, na mwanga wake ni jua la mchana. Vituo vya televisheni vya dunia nzima viliuonyesha siku zilizofuata, na wengi waliouona hawakujua ni nani aliyekuwa amesimama ndani.